Pirana wa sinema, wa mtoni na wa mpira: majibu kwa wasomaji

Toleo lililopita tuliitaja Piranha, filamu ya kutisha ya mwaka 1978, miongoni mwa filamu za bei ndogo ambazo kila anayejifunza kutengeneza filamu anapaswa kuzitazama. Barua zilizofuata ni nyingi, na zinarudia maswali yaleyale. Tumechagua tano.

Shikamoo Mhariri. Huku kwetu kibandani tumeoneshwa filamu ya samaki wala watu, na wenyewe wanasema kabisa wako Lake Victoria. Lakini ziwa lenyewe limezungukwa na milima mikavu, hakuna mtumbwi wala dagaa. Ilipigwa wapi? Na ndiyo hiyo Piranha mliyoiandika?
*Msomaji, Mwanza*

Marahaba. Hapana, siyo hiyo, na ziwa siyo letu. Uliyoiona ni Piranha 3D ya mwaka 2010, iliyoongozwa na Mfaransa Alexandre Aja. Lake Victoria ya humo ni mji wa kubuni wenye ziwa lake, katika jimbo la Arizona, Marekani. Picha zilipigwa Lake Havasu, ambalo ni ziwa la kutengenezwa: maji ya Mto Colorado yaliyozuiwa na bwawa la Parker, lililokamilika mwaka 1938. Ndiyo maana unaona jangwa pande zote. Mzee anayevua samaki peke yake mwanzoni kabla hajamezwa na kimbunga cha maji ni Richard Dreyfuss, aliyecheza kama mtaalamu wa papa katika Jaws ya mwaka 1975. Waliomweka pale walitaka mtazamaji amkumbuke.

Kwa kuwa filamu hizi huuzwa zikiwa zimechanganywa kwenye diski moja, na majalada yake hayaaminiki, hivi ndivyo utakavyozitofautisha. Ukiona kijana na msichana wanaruka usiku kwenye bwawa la kambi ya jeshi iliyotelekezwa, hiyo ni ya 1978 ya Joe Dante. Samaki wakiruka hewani na kung'ata watu shingoni ufukweni, hiyo ni sehemu ya pili, Piranha II: The Spawning, iliyopigwa mwaka 1981. Ukiona hadithi ileile ya 1978 ikiwa na waigizaji wengine, akiwemo William Katt, hiyo ni ya televisheni ya mwaka 1995. Ilichukua hata vipande vya mashambulizi vya filamu ya kwanza na kuvibandika humo. Tetemeko likipasua sakafu ya ziwa, ni ya 2010. Samaki wakipita kwenye mabomba na kuibukia bustani ya michezo ya maji, ni Piranha 3DD ya mwaka 2012, na hiyo unaweza kuiacha bila kupungukiwa na kitu.

Jambo moja kwa wenye vibanda: ya 2010 na ya 2012 zina uchi mwingi na damu nyingi kuliko zote. Msiziweke mchana watoto wanapotoka shule.

Mhariri, mmeisifu sehemu ya kwanza, na ya pili mkaiita dhaifu. Lakini ya pili imeongozwa na James Cameron, yuleyule wa Titanic! Inakuwaje mtu mkubwa kama huyo ashindwe na mtu wa bajeti ndogo?
*Mpenzi wa filamu, Nairobi*

Tuanze na nani alifanya nini, ndipo tufike kwenye samaki wenyewe.

Ya kwanza ilitoka kwenye kampuni ya Roger Corman, New World Pictures, kwa bajeti isiyofika dola milioni 1. Mwongozaji wake, Joe Dante, alikuwa ametokea kwenye chumba cha uhariri cha kampuni hiyo, akikata matangazo ya filamu za wenzake. Hilo ni jambo kubwa. Mtu aliyekaa akitafuta sekunde chache zitakazoshawishi watu waingie sinema, tena kutoka kwenye filamu ambayo nyingine yote haina kitu, anajua hasa picha moja inabeba nini na inachoka lini. Piranha aliihariri pamoja na Mark Goldblatt. Hadithi ikaandikwa na John Sayles, na kazi ya Sayles ndiyo uti wa mgongo wa filamu hii.

Angalia alivyoipanga. Maggie anatafuta vijana wawili waliopotea. Anamburuta mlevi mmoja mkazi wa mlimani, Paul, mpaka kwenye ile kambi ya jeshi. Wanaona bwawa lenye maji machafu, wanashuku miili iko chini, wanafungua vali ili kulikausha. Maji yanakwenda mtoni, na samaki nao. Kwa hiyo staringi wetu ndio waliowaachia wauaji, na huko chini mtoni kuna kambi ya watoto, na mmojawapo wa watoto hao ni binti wa Paul. Kuanzia hapo kila dakika ina sababu: maji yanateremka, wao wanakimbizana na maji. Samaki wenyewe wana maelezo yake: walizalishwa na jeshi katika mradi uitwao Operation Razorteeth ili wapelekwe kwenye mito ya Vietnam, vita vikaisha, samaki wakabaki.

Sasa tazama shambulio la mwisho. Paul anafunga kamba mwilini na kuzama hadi kwenye ofisi ya kiwanda cha kuyeyushia madini iliyokwisha kufunikwa na maji, ili afungue taka za sumu ziwaue samaki. Maggie yuko juu kwenye boti anahesabu. Akifika 100 ataondoa boti kwa kasi na kumvuta. Chini kuna gurudumu lenye kutu lisilotaka kuzunguka. Unachooneshwa ni mkono kwenye chuma, povu, kivuli kinachopita, meno, kitambaa kinachochanika, maji yanayogeuka mekundu, halafu uso wa Maggie akihesabu. Hakuna mahali samaki anakaa mbele ya macho yako muda wa kutosha kumkagua. Simamisha picha popote uone: ni mpira kwenye fito. Usiposimamisha, huoni mpira. Unaona mtu analiwa na hesabu haijafika 100.

Sehemu ya pili ilikuwa ya mtayarishaji Ovidio Assonitis, ikapigwa Jamaica na wafanyakazi ambao wengi wao walikuwa Waitaliano. Cameron alikuwa na miaka 26, hajawahi kuongoza filamu ndefu. Aliajiriwa kusimamia vitu vya ujanja, samaki na mitambo. Mwongozaji wa kwanza alipoondoka, akapandishwa. Wiki chache tu baadaye Assonitis alimwondoa, na uhariri haukuwa mikononi mwake. Jina lake limo kwenye filamu, lakini hatuwezi kumhukumu kwa kila kilichomo.

Hata hivyo, kosa kubwa lilikuwa kwenye wazo lenyewe, kabla kamera haijawashwa. Samaki wa sehemu ya pili wamechanganywa na panzi wa baharini, wale samaki warukao juu ya maji, basi wanaruka. Ukimtoa samaki majini umemtolea mpira wako hadharani. Maji yalikuwa yanafanya kazi nne bure: yanafifisha picha, yanaficha fito, yanatoa sababu ya mtu kutoona kinachomjia, na yanambeba samaki. Hewani yote yanaondoka. Kuna kipande cha chumba cha maiti, samaki anachomoka ndani ya mwili wa marehemu na kumrukia nesi. Wazo ni zuri na linashtua. Lakini taa za hospitali zinawaka, samaki yuko shingoni kwa nesi, na jicho lina nafasi ya kuuliza mabawa yale yanapigwa na nini. Panzi wa baharini wa kweli hapigi mabawa hata kidogo: hupata kasi kwa kuchapa mkia majini, kisha hutandaza mapezi na kuteleza hewani kama tiara. Filamu ingefuata hilo, samaki wangekuja mfano wa mishale, haraka na kwa mstari, na ingetisha zaidi.

Kosa la pili ni dogo ila linawaudhi wanaojua samaki. Wageni wa hoteli wanateremka ufukweni usiku kuokota grunioni, samaki ambao kweli hupanda mchangani kutaga baada ya mwezi mpevu na mwezi mwandamo. Jike huuchimbia mkia mchangani, mayai hubaki mpaka maji makuu yanayofuata yayaangue. Lakini hao ni samaki wa California na Baja California, upande wa Pasifiki. Kisiwa cha Karibi hakina.

Usiitupe filamu yote, lakini. Tazama vipande vya kuzamia kwenye meli iliyozama. Hapo mwanga ni mzuri, nafasi inaeleweka, unajua mzamiaji yuko wapi na mlango uko wapi. Huyo ndiye Cameron, mtu ambaye Machi 2012 alizama peke yake hadi Challenger Deep, chini kabisa mwa bahari. Mtazame pia Lance Henriksen, mkuu wa polisi, ambaye Cameron aliendelea kumtumia. Akiwa Rome kwa ajili ya filamu hii, Cameron alishikwa na homa na kuota kiwiliwili cha chuma kikijiburuta kutoka motoni. Ndoto hiyo ikawa The Terminator ya mwaka 1984, na aliyeihariri ni Mark Goldblatt wa Piranha ya kwanza.

Je, pirana wa kweli wanaweza kummaliza mtu kwa dakika moja? Na je, ziwa letu lina samaki wa ukoo huo?
*Baba wa watoto watatu, Kigoma*

Hawawezi, kwa maana ya sinema. Pirana ni samaki wa maji baridi yasiyo na chumvi ya Amerika Kusini: Amazon, Orinoco, Paraguay na mito mingine ya huko. Yule mwenye tumbo jekundu, anayeigwa na filamu zote, ni samaki wa kukaa kwenye sahani moja. Meno yake ni pembetatu zinazoingiliana za juu na za chini, kwa hiyo hang'ang'anii bali anakata. Taya lina nguvu kweli: pirana mweusi amepimwa akiuma kwa nguvu ya nyutoni 320, ambayo ni nyingi mno kwa samaki wa kimo chake. Lakini watu wanaoumwa huumwa kidole cha mguu au cha mkono, mara nyingi mahali samaki wanalinda mayai au maji yamepungua. Wanatembea kundi kwa sababu wenyewe wanaogopa kuliwa na mamba wa huko, pomboo wa mtoni na ndege. Wengi hula mapezi na magamba ya samaki wenzao, na mbegu na matunda yanayodondokea majini.

Sifa mbaya ilienezwa sana na Theodore Roosevelt, rais wa zamani wa Marekani, aliyesafiri Brazil mwaka 1913 na 1914 na kuandika kitabu kilichowaeleza kama samaki wakali kuliko wote duniani. Tangu hapo sinema hazikuhitaji ushahidi mwingine.

Visingizio vya filamu navyo havilingani. Ya 1978 ndiyo yenye akili zaidi, kwa sababu inakiri kwamba pirana wa kawaida angekufa kwa baridi na kwa chumvi, ndipo inasema hawa walizalishwa ili wavumilie vyote viwili. Ya 2010 inadai samaki walifungiwa chini ya ziwa tangu zama za kale, wakiishi kwa kulana. Hilo haliwezekani. Kundi linalojila lenyewe hupungua kila mlo, na pasipo jua wala chakula kutoka nje linakwisha mapema sana. Pirana mkubwa wa kale alikuwepo, lakini kwenye mwamba: Megapiranha, aliyetambuliwa rasmi mwaka 2009 kutokana na kipande cha taya kutoka Argentina, anakadiriwa kuwa alikuwa na urefu wa sentimita 70 hivi, miaka milioni 8 hadi 10 iliyopita.

Ndugu wa mbali tunaye, na wewe uko jirani naye. Ni yule samaki-chui wa Kiafrika mwenye meno ya nje kama misumari. Yumo kwenye kundi moja kubwa la samaki na pirana, na jitu lao, Hydrocynus goliath, linapatikana bonde la Mto Kongo na Ziwa Tanganyika, likipita urefu wa mita 1. Mwaka 2014 watafiti wa Afrika Kusini walichapisha ushahidi wa ndugu yake mdogo, Hydrocynus vittatus, akiruka juu ya maji na kuwadaka mbayuwayu wakiwa angani. Waandishi wa sehemu ya pili wangemjua huyo wasingehitaji kumshonea samaki mabawa. Ziwa Victoria halina samaki-chui. Mla wenzake mkubwa wa huko ni sangara, aliyeletwa miaka ya 1950, na aliowamaliza ni samaki wadogo wa asili, siyo waogeleaji.

Shikamoo Mhariri. Tuko vijana wanne, tunasoma sanaa. Tunataka filamu fupi ya dakika 7 yenye samaki wauaji. Tuna simu mbili na tumeahidiwa bwawa la kuogelea kwa siku moja. Samaki tuwatengeneze kwa nini na tuwapigeje picha? Na damu?
*Wanafunzi, Bagamoyo*

Marahaba wanetu. Siku moja inatosha ikiwa kila kitu kimejaribiwa kwenye ndoo kabla. Yasiyojaribiwa ndiyo yatakayokula siku yenu.

Tengenezeni samaki 6 wa sentimita 20 hadi 25. Wawili wawe wazuri, wenye taya linalofunguka, kwa picha za karibu. Wanne wawe wa hovyohovyo, wa kupita nyuma na kujaza kundi. Msipoteze muda kuwarembesha wote.

Umba samaki mmoja kwa udongo wa mfinyanzi, umlaze kwenye udongo mwingine mpaka nusu ya unene wake, na mmwagie plasta ya Paris kwa unene wa sentimita 3. Nyunyizia plasta kwenye maji, vikombe 2 vya plasta kwa kikombe 1 cha maji. Ukimwaga maji kwenye plasta utapata madonge. Ikiganda, geuza, ondoa udongo wa pembeni, paka sabuni nzito kwenye ukingo wa plasta, mwaga nusu ya pili. Msipotia sabuni ukingoni, nusu mbili zitashikana na mtavunja vyote. Acheni kalibu likauke juani siku tatu au nne. Hapa ndipo wengi huharibu. Plasta ndiyo inayonyonya maji ya mpira wa majimaji, na ikiwa bado mbichi mpira haukauki, unabaki unanata kama lami. Ndani ya kalibu msipake mafuta yoyote, hata Vaseline. Yanaziba plasta, na mafuta hulainisha mpira na kuuozesha.

Pakeni mpira wa majimaji kwa brashi, tabaka 5 au 6 nyembamba, kila moja ikauke na kubadilika rangi kabla ya inayofuata. Tabaka moja nene hukauka juu na kubaki bichi ndani. Chovyeni brashi kwenye maji ya sabuni kabla ya kuanza, la sivyo hamtaitumia tena. Fanyeni nje, maana harufu ya amonia ni kali, na kila mmoja ajipake kidogo mkononi siku moja kabla, kwa sababu wapo watu ambao ngozi yao inaukataa mpira. Rangi ya akriliki ichanganywe na mpira wenyewe kidogo, ndipo isibanduke samaki akipinda.

Ndani jazeni sponji ya godoro. Sponji kavu inaelea, na ukiizamisha inatoa mapovu mfululizo, na samaki halisi hatoi mapovu hayo. Kwa hiyo kabla ya kila picha mzamisheni samaki na kumkamua mpaka mapovu yaishe. Kisha mtieni chubwi ndogo za mshipi tumboni, moja baada ya nyingine, hadi abaki katikati ya maji bila kupanda wala kushuka. Meno kateni kwenye plastiki nyeupe ya dumu, pembetatu. Samaki atakayegusa mwili wa mwigizaji awe na meno ya mpira. Taya la chini lifungwe kwa mshipi wa nailoni unaopita ndani ya mwili na kutokea mkiani, na ukanda wa mpira wa kulirudisha.

Fito iwe ya chuma cha milimita 4, urefu wa sentimita 80, ipakwe rangi isiyong'aa inayofanana na sakafu ya bwawa. Iingie mkiani. Kamera ikae mbele ya samaki au pembeni kidogo, ili mwili wake uifunike fito. Ukimpiga ubavu, fito itakatiza picha nzima. Mshika fito asipunge mkono kama anapepea mkaa. Atikise kifundo cha mkono tu, mtikiso mfupi mfupi.

Simu iliyo kwenye mfuko wa plastiki hufanya ukungu ndani, kwa sababu hewa yenye unyevu imefungiwa na maji ni ya baridi kuliko simu. Ifungieni kwenye chumba kikavu chenye ubaridi, pamoja na vipakiti vya kunyonya unyevu vinavyopatikana kwenye masanduku ya viatu. Kioo cha simu hakisikii vidole chini ya maji, basi anzeni kurekodi kabla ya kuzamisha. Njia bora zaidi ni tangi la kioo la kufugia samaki: libonyezeni majini nusu, tupu, mtu akilishikilia kwa nguvu maana maji yatalisukuma juu, simu ikiwa ndani imekauka. Mtapata picha za chini ya maji na mnaweza kugusa simu.

Pigeni kwa fremu 25, yaani picha 25, kwa sekunde, na shata 1/50, yaani kila picha ipokee mwanga kwa sehemu moja ya hamsini ya sekunde. Umeme wetu ni wa hezi 50, na shata isiyolingana nao huleta picha inayopepesa chini ya taa. Kwenye uhariri harakisheni picha za samaki mara 2 hadi 3. Mpira unaotikiswa kwa mkono una uzito wake na unachelewa kugeuka. Ukiuharakisha, uzito huo unapotea. Kisha kateni. Picha ya samaki peke yake isizidi fremu 12, yaani chini ya nusu sekunde. Picha ya uso wa mwigizaji inaweza kukaa sekunde mbili. Wanaoanza hufanya kinyume, wamemhangaikia samaki wiki tatu wanataka aonekane.

Damu ni mbili, na hazibadilishani. Ya nchi kavu: chemsheni sukari kilo 1 kwenye maji nusu lita hadi iyeyuke yote, mtapata lita 1 na kidogo ya shira. Tieni rangi nyekundu ya chakula vijiko 2 vya mezani, kakao kijiko 1 kilichokorogwa kwanza na maji kidogo, na matone mawili ya rangi ya bluu. Bila kakao na bluu inaonekana sharubati. Damu hii ukiimwaga majini inazama moja kwa moja kama asali, haitandi. Kwa wingu la majini koroga rangi nyekundu nyingi kwenye maji lita 1 pamoja na vijiko 3 vya maziwa ya unga. Maziwa ndiyo yanayolifanya wingu lizibe mwanga. Rangi pekee inapotea. Isukumeni kwa bomba la sindano kubwa lisilo na sindano, kupitia mrija wa mpira mwembamba uliofichwa ndani ya nguo ya mwigizaji. Fanyeni karibu na uso wa maji, ndani ya mita moja, kwa sababu maji hula mwanga mwekundu na kwa kina damu huonekana ya kahawia.

Damu hiyo msiitie kwenye bwawa la kuazima. Maziwa yanaoza, chujio linaziba, rangi inashika kwenye saruji ya vigae, na klorini inaifubaza rangi kabla hamjamaliza. Tandikeni turubai la bluu kwenye shimo au kwenye bwawa la watoto la kupuliza, jazeni maji, na pigeni humo picha zote za damu, kwa karibu. Bwawani pigeni waogeleaji na samaki tu. Mtazamaji ataunganisha mwenyewe.

Taa ziwe za betri za volti 12. Waya wa umeme wa ukutani usifike ukingoni. Mmoja wenu asiwe na kazi nyingine siku hiyo isipokuwa kumtazama aliye majini, na wakubaliane ishara ya "nimeshindwa" isiyofanana na uigizaji, kwa mfano ngumi juu ya kichwa, kwa sababu katika filamu hii kila mtu atakuwa anapiga kelele za kuomba msaada. Na msishawishike kwenda kupiga picha mtoni au ziwani ili ipendeze. Huko kuna kichocho, na mahali pengine mamba, na hao hawasubiri mwongozaji.

Samaki wa kweli hutoa sauti? Katika Piranha nasikia mlio fulani kila wanapokuja.
*Msikilizaji wa redio na mtazamaji wa filamu, Tanga*

Hutoa, ingawa siyo ule wa kwenye filamu. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Liège, Ubelgiji, walichapisha mwaka 2011 kwamba pirana mwenye tumbo jekundu ana sauti tatu. Wawili wakikabiliana uso kwa uso hutoa mlio wa kubweka. Wakigombania chakula hutoa mlio mmoja mfupi kama wa ngoma. Zote mbili hutoka kwenye misuli inayotikisa kibofu cha hewa. Akimkimbiza mwenzake husaga meno, na hiyo ndiyo ya tatu.

Mlio wa filamu una kazi nyingine. Unamwambia mtazamaji samaki wamefika hata kama picha inaonesha maji matupu, na hivyo unaokoa gharama za samaki. Wanafunzi wa Bagamoyo nao walisikie hili. Tengenezeni mlio mmoja tu na muutumie kila mara samaki wanapokuja, kabla hawajaonekana, kwa sekunde tatu au nne. Tafuneni karoti mbichi karibu na simu, chaneni kabichi kwa mikono, pindueni kitambaa kilicholowa. Rekodini kila kimoja peke yake, vibandikeni juu ya kingine, kisha shusheni kasi ya karoti kwa nusu ili iwe mfupa. Simu iwe sentimita 15 kutoka kwenye karoti. Ikikaribia zaidi sauti itapasuka na haitarekebishika. Rekodini usiku, feni na friji vikiwa vimezimwa. Na kipande ambacho mwigizaji kichwa chake kiko chini ya maji, punguzeni sauti zote za juu mpaka zibaki za chini tu, halafu mzirudishe zote kwa ghafla akiibuka.